Uzi: Vitabu vya mwambao wetu wa Kigoma, na ziwa ambalo halitulii mahali pamoja

#1 Mchikichi Mkavu

Wakuu, habari za mvua. Hapa Kibirizi inanyesha tangu alfajiri, dagaa wa jana wamefunikwa maturubai na hakuna wa kuanika, kwa hiyo leo nina nafasi ya kuandika kile nilichoahidi kwenye ule uzi wa meli.

Swali langu: ni vitabu gani mmesoma kuhusu historia ya mwambao huu wa Tanganyika, na ndani yake mkaiona ardhi mnayoijua? Simtaki yule Stanley wa kumvulia kofia Livingstone peke yake, huyo kila mtu anamjua hata asiyejua kusoma. Nataka kitabu ambacho ukikifungua unakutana na tope la mto Luiche, na milima ya Kongo inayojitokeza ng'ambo mvua ikishapita, maana kiangazi moshi wa nyika huificha mpaka mgeni akaapa kwamba hii ni bahari.

Naanza mimi, na naanzia nyumbani. Mwaka 2021 maji yaliingia jikoni kwa mama. Hayakuja kwa kishindo. Kwanza msingi ulilowa, wiki iliyofuata mafiga yakawa dimbwini, halafu asubuhi moja mama akakuta visamaki vinaogelea chini ya kitanda. Tukahamisha vitu. Mama akasema, "Babu yenu alijenga kule juu kwenye mawe, tukamcheka kwamba mvuvi gani anaogopa maji." Baba yeye alijenga chini, miaka ya sabini, wakati ziwa limeanza kurudi nyuma baada ya kupandishwa na mvua kubwa za 1961 na 1962. Akaona mchanga mkavu, akadhani ufuko ndio huo.

Katika vitu tulivyohamisha kulikuwa na mfuko wa rambo wenye kopi ya kitabu nilichopewa na mzee mmoja aliyehama mji. Nilikuwa nimekitupa uvunguni miaka. Kurasa ziligandana kama chapati za juzi. Nikawa nazibandua mojamoja na kuzikausha kwa pasi ya mkaa, na hapo ndipo nilipokisoma kweli, kwa sababu ukurasa uliouhangaikia dakika tano huwezi kuuruka.

Kitabu chenyewe ni *Tanganyika: Eleven Years in Central Africa*, cha 1892, na mwandishi ni Edward Coode Hore. Alikuwa baharia Mwingereza aliyeletwa na Wamisionari wa London, akafika Ujiji 1878. Wasafiri wengine wa zama zile walikuwa watu wa nchi kavu waliopanda mtumbwi kwa kulazimika. Huyu ni mtu wa maji. Anaangalia upepo unatoka wapi, ghuba gani inaficha chombo, na kubwa kuliko yote, maji yamesimama wapi mwaka huu na yalisimama wapi mwaka jana.

Sasa mnisikilize vizuri, maana hapa ndipo utamu ulipo. Ukimsoma Hore peke yake utaona mzungu anayehesabu maji. Ukimpanga na wenzake watatu kwa kufuata miaka, unapata hadithi moja kamili ambayo hakuna hata mmoja wao aliyejua anaiandika.

Wa kwanza ni Verney Lovett Cameron. Alifika Ujiji Februari 1874, akazunguka upande wa kusini wa ziwa, akaukuta mto Lukuga ng'ambo, kule Kongo. Akaandika kwamba hapo ndipo ziwa linapotolea maji yake, ila mlango umezibwa na majani. Kitabu chake ni *Across Africa*, 1877. Wa pili Stanley, safari yake ya pili, 1876. Huyu alirudi Ujiji baada ya miaka mitano akashangaa. Minazi mitatu aliyoiacha imesimama sokoni mwaka 1871 (yeye anasema "palm", huenda ni michikichi jamani, msinishambulie) aliikuta imesimama ndani ya maji. Ule mchanga ambao yeye na Livingstone walikuwa wakitembea asubuhi umeliwa na ziwa. Akaenda Lukuga, akaona maji hayatoki ipasavyo, akatabiri kwamba ziwa likizidi kupanda litajifungulia mlango lenyewe. Hayo yamo katika *Through the Dark Continent*, 1878.

Miaka mitatu baadaye Hore na Mskoti Joseph Thomson wanafika Lukuga, kila mtu kwa safari yake, 1879. Wanakuta nini? Mto unatiririka kwa nguvu kwenda mto Kongo. Kizibo kimechomoka. Toka hapo ziwa likaanza kushuka, na lilishuka mita kama kumi kabla karne haijaisha.

Mita kumi! Nyie mnaojenga ufukweni mnajua mita kumi ni nini? Ndiyo maana leo ukisimama kwenye mnara wa Livingstone pale Ujiji inabidi utembee ndipo ufike majini, na watoto wa shule wanauliza huyu babu alikuwa anatokaje ziwani kuja kukaa chini ya mwembe. Alikuwa hatoki mbali. Maji ndiyo yaliyoondoka.

Ziwa letu lina kina cha mita 1,470, hakuna ziwa Afrika linalolifikia. Lakini vilio vyetu vyote sisi wa mwambao ni vya zile mita mbili tatu za juu.

Haya, leteni vyenu.

#2 Karabai

Nimekaa mkao wa kula. Uzi wa maana huu. Ila mleta uzi ungeanza na Liemba, maana bila vile vita vya Mjerumani na Mwingereza, Kigoma ingejulikana na nani? Waingereza wameizamisha ile meli na bado ikafufuka.

#3 Kijana wa Katubuka

Samahani wakuu naingia nje ya mada, dagaa Kibirizi leo bei imesimamaje?

#4 Mchikichi Mkavu

@Kijana wa Katubuka dogo, nimesema mvua tangu alfajiri. Njoo mwenyewe uone waliolowa wanavyouzwa.

#5 Mnyamwezi Halisi

Watu wa Kigoma mna maneno. Ziwa lenu, ziwa lenu. Hao wote mnaowataja walilala Tabora kwanza wakala wakashiba ndipo wakapata nguvu ya kuja kuwaona. Yule msafiri Mwingereza Burton alikaa Kazeh, ndiyo Tabora ya leo, akasifia nyumba na wali wa Waarabu. Alipofika kwenu akalalamika mvua mwanzo mwisho.

Tuache utani. Mimi nakileta hicho cha Burton, *The Lake Regions of Central Africa*, 1860, mijalada miwili. Nimekisoma chote bila malipo kwenye maktaba za intaneti, hivi vya zamani hakimiliki zake zimekwisha, usitapeliwe kununua. Burton na Speke walifika ziwani Februari 13, 1858. Picha mnayopaswa kuwa nayo kichwani ni hii: Burton amebebwa maana miguu haifanyi kazi, Speke macho yanauma haoni, punda wamekufa njiani. Wanapanda kilima cha mwisho, Burton anauliza ule mstari unaong'aa kule chini ni nini, na anayemjibu kwamba ni maji ni Sidi Mubarak Bombay. Myao, aliuzwa utumwani mpaka India, akarudi kama huru, akaijua bara kuliko mabwana zake. Kwa hiyo mtu wa kwanza kulitambua ziwa katika kitabu kile maarufu ni mtu wetu, ila jina juu ya jalada ni la mwingine.

Jambo la kuzingatia kwa wanaopenda ardhi: Burton anasema Ujiji si jina la mji. Ni nchi, nchi ya Wajiji, na kijiji alichofikia anakiita Kawele. Jina la mji likaja kumeza la nchi. Jina Tanganyika nalo wanagombana. Yeye anasema maana yake ni mkutano wa maji. Cameron akaja na lake, kwamba ni kuchanganyika. Mimi nawaachia Wajiji wenyewe.

Na kama unataka kuijua mvua ya mwambao huo, usimsome Burton, msome Speke. Yeye alivuka kwenda ng'ambo kutafuta jahazi la kukodi kwa Mwarabu mmoja. Njiani dhoruba ikawakamata, wakapiga hema kisiwani. Upepo ulipokwisha akawasha mshumaa, hema likajaa mende weusi. Akawafukuza akachoka, akalala nao. Mmoja akamwingia sikioni, akaanza kuchimba. Jamaa akamwaga siagi ya moto, wapi, akachukua kisu cha mfukoni akamchokonoa mdudu mpaka akamuua na sikio akaliumiza vilevile. Uso ukavimba, akashindwa kutafuna, akawa kiziwi upande huo kwa muda mrefu. Jahazi lenyewe hakulipata. Haya yamo katika kitabu chake cha 1864, na nakuhakikishia ukishayasoma, kila mvua ya masika utaziba masikio.

#6 Karabai

Hahahaa siagi ya moto sikioni. Naomba nisipate ndoto.

#7 Bi Mkubwa wa Ujiji

Wanangu nimewasoma wote. Mimi si mtu wa kuandika sana humu, huwa napita tu, lakini hapa inabidi nitie neno.

Sisi ni wajukuu wa Wamanyema, watu wa ng'ambo, Kongo. Bibi yangu alizaliwa Ujiji, mama yake alivushwa. Neno lenyewe lilikuwa hilo, "kuvushwa", na ukimuuliza amevushwa na nani anaanza kupanga vyombo. Basi nimesoma hivyo vitabu vyenu, nimefundisha miaka, na kila ninapofungua nawatafuta watu wangu. Nawakuta wamehesabiwa pamoja na pembe. Wamebeba mzigo, wametoroka, wamekufa njiani. Mwenye jina ni mwenye msafara.

Lakini kuna kimoja kilichonitoa machozi na nataka vijana mkijue. Mnapokariri habari ya Stanley kumkuta Livingstone Ujiji 1871, muulize huyo mzee alikuwa anatoka wapi, na kwa nini alikuwa amevunjika namna ile. Alikuwa anatoka Nyangwe, Umanyema. Julai 15, 1871, siku ya soko, alisimama akaona watu wa misafara wakiwafyatulia bunduki wanawake waliokuja kuuza, wengine wakajitupa mtoni wakazama. Mamia ya watu. Aliyaandika papo hapo, na karatasi zilikuwa zimemwishia, kwa hiyo aliandika juu ya gazeti kuukuu la Kiingereza, akipitisha mistari yake juu ya maandishi ya gazeti, na wino wa matunda ya porini aliokamua mwenyewe. Wino ule ukafifia. Kwa zaidi ya miaka mia karatasi zilikuwepo na hakuna aliyeweza kuzisoma vizuri. Wataalamu wakazipiga picha kwa taa za rangi mbalimbali, na 2011 wakazitoa hadharani, sasa zinasomeka kwenye intaneti.

Kile kitabu kilichotolewa 1874 baada ya kifo chake, *The Last Journals*, kilipita mikononi mwa mhariri, Horace Waller. Linganisheni wenyewe kilichoandikwa kwenye gazeti na kilichochapwa. Mimi niliikalia ile picha ya ukurasa usiku mzima. Maandishi mekundu juu ya matangazo ya biashara ya London. Hao waliokuwa sokoni na vikapu vyao ndio mama zetu.

Mwanangu Mchikichi, maji yako nimeyapenda. Lakini usipange vitabu vinne vya wanaume wanaopima ziwa ukasema hiyo ndiyo hadithi kamili.

#8 Mchikichi Mkavu

Shikamoo mama. Nimepokea. Kweli niliandika "hadithi kamili" kwa kujisahau, nilikuwa nimelewa maji.

Katika Stanley yule wa kwanza, *How I Found Livingstone*, kuna mwanamke mmoja aliyepewa jina. Halima, mpishi wa Livingstone. Mgeni amefika, barazani watu wanashangilia, yeye anakimbia huku na huku kuulizia kama kweli kuna mgeni na chakula kitatosha. Stanley ameiandika kama kichekesho. Mimi nilipoisoma sikucheka, nilimwona mama yangu siku ya msiba.

#9 Bi Mkubwa wa Ujiji

Marahaba. Na huyo Halima ni katika waliousindikiza mwili wa bwana wake mpaka pwani. Hilo halisimuliwi sana.

Kwa wanaotaka vitabu vya watu waliosoma hivyo vyote na kuvipekua, viko viwili. Kimoja ni tasnifu ya Beverly Brown, Chuo Kikuu cha Boston, 1973, historia ya mji wa Ujiji kuanzia mwaka 1800 hivi mpaka 1914. Anafuata soko, anafuata nani alipangisha nani ardhi, Wajiji walivyokuwa na mamlaka yao kabla na baada ya wafanyabiashara wa pwani kina Mwinyi Kheri. Niliazima kopi kwa msomi mmoja, nikairudisha (wapo wasiorudisha, wanajijua). Cha pili ni kipya, Philip Gooding, *On the Frontiers of the Indian Ocean World*, 2022. Huyu anasema Tanganyika si kisima cha katikati ya bara. Ni upande wa mwisho wa Bahari ya Hindi. Watu wa ziwani walichukua nguo za pwani, na majina, na dini, na namna ya kutweka tanga, wakazifanya zao. Mzungu wa watu ameandika kurasa nyingi kueleza kitu ambacho ukikaa Ujiji Ijumaa saa sita mchana unakiona kwa macho, kanzu, kofia, harufu ya mawese na ya ubani mtaa mmoja. Ila ameeleza vizuri, simnyimi haki yake.

#10 Ticha wa Gungu

Bi Mkubwa heshima yako, shikamoo. Nadhani ulinifundisha kidato cha pili, sitasema jina.

Kinachonisumbua mimi ni lugha. Wanafunzi wangu nikiwaambia wasome juu ya Ujiji, vitabu vyote hivi ni Kiingereza, tena kile cha zamani chenye sentensi ya nusu ukurasa. Kiswahili kipo lakini ni cha kutafuta kwa tochi. Kipo *Maisha ya Hamed bin Muhammed el Murjebi*, yaani Tippu Tip mwenyewe, alichokiandika kwa mkono wake uzeeni kule Zanzibar. Mjerumani Heinrich Brode ndiye aliyekichapa kwanza, halafu Whiteley akakitoa na tafsiri ya Kiingereza. Lugha yake tamu, kavu, haijapambwa. Lakini usitegemee kuona mandhari. Mtu yule amevuka nusu ya Afrika na anachokiona ni frasila za pembe, madeni na nani kamdharau nani. Bi Mkubwa atasema kweli, waliobebeshwa hawamo.

Kingine ni zile habari alizokusanya Carl Velten na kuzichapa 1901, safari za Waswahili zilizosimuliwa na Waswahili. Ile ya Sleman bin Mwenyi Chande, ya kwenda bara kufanya biashara, naipenda kuliko zote. Njaa, hongo, mashauri ya usiku, mtu anahesabu doti za nguo zilizobaki. Lyndon Harries aliirudisha katika *Swahili Prose Texts*, 1965. Nilimsomea dogo mmoja wa kidato cha tatu kipande, akaniuliza, "Mwalimu, kumbe Kiswahili cha zamani naelewa?" Anaelewa vizuri kuliko kitabu chake cha kiada.

Tuliomba nakala kwenye maktaba moja, tukaambiwa kitabu kipo kwenye orodha ila rafuni hakipo. Mwaka wa tatu sasa kipo kwenye orodha.

#11 Bangwe Juu

@Karabai narudi kwako. Liemba haikuzamishwa na Mwingereza. Mjerumani aliizamisha mwenyewe, na hilo ndilo tamu la hadithi. Ilijengwa Papenburg, Ujerumani, 1913, ikiitwa Graf von Götzen. Wakaifungua vipandevipande, wakaipakia kwenye masanduku mpaka Dar es Salaam, ikaja kwa reli hadi Kigoma, reli yenyewe ndiyo kwanza imefika 1914, ikaungwa hapa na kushushwa majini Februari 1915. Julai 1916 walipoona Kigoma inakwenda, mafundi walewale waliopewa kazi ya kuizamisha waliipaka mashine zake grisi nzito, wakaitia chini taratibu karibu na mlango wa mto Malagarasi. Walijua watu watakuja kuitaka. Waingereza wakaiinua 1924, ikaanza safari tena 1927 kwa jina Liemba, jina la ziwa ambalo Livingstone aliandika kuwa watu wa kusini wanaliita hivyo.

Kuhusu vile viboti viwili vya Mwingereza, Mimi na Toutou, vilivyoburutwa porini kutoka kusini mpaka ziwani, kipo kitabu cha Giles Foden cha 2004. Kinachekesha, hasa yule kamanda Spicer-Simson aliyevaa sketi. Lakini nawaonya: ni kitabu cha wazungu kuchekana. Ardhi imo kama pazia la nyuma tu. Waliokata miti na kuvuta vile viboti mlimani wamo katika sentensi zisizo na majina.

#12 Karabai

Nimekubali, nimefuta kauli. Grisi! Nilikuwa sijui.

#13 Mama Gombe

Mmesahau msitu. Jane Goodall, *In the Shadow of Man*, 1971. Alishuka Gombe Julai 14, 1960 na mama yake. Watu wanakisoma kwa ajili ya sokwe, mimi nakisoma kwa ajili ya mabonde. Majani marefu yaliyolowa asubuhi, anapita humo mpaka kiunoni, analowa, anapanda kileleni anakauka na jua. Mimi nimekulia kijiji jirani na mabonde hayo, hivyo ndivyo tulivyokuwa tunakwenda shule. Ila sasa panda mtumbwi utoke Kibirizi kuelekea kaskazini utazame milima. Ndani ya mpaka wa hifadhi kijani, nje ya mpaka udongo mwekundu na mihogo mpaka kwenye mteremko unaotaka mtu ajifunge kamba. Kitabu kile kimeandikwa kabla mstari huo haujaonekana.

#14 Mzee Baridi

Naomba kutofautiana na mleta uzi. Huu mtindo wa kusema "ziwa hupanda na kushuka tangu zamani, Stanley aliandika" ni hatari. Wakubwa watausikia na kusema basi, mambo ya asili, waliofurika wahame wenyewe. Hali ya hewa ya sasa si ya 1876. Na vitabu hivyo ni vya watu waliokuja kutafuta njia ya kututawala. Leo ndio tuwafanye mashahidi wetu?

#15 Mchikichi Mkavu

@Mzee Baridi umegusa penyewe, na nimeliwaza hilo hata kabla hujaandika.

Kuhusu kutawala, sibishi. Hore mwenyewe alikuwa anapima ziwa ili meli ya misheni ipite, hakuwa anampimia mama yangu. Lakini shahidi mbaya naye huwa ameona kitu. Stanley ni muongo wa mambo mengi, ila hana sababu ya kudanganya kuhusu minazi iliyosimama majini. Na Hore na Thomson, waliofika kwa njia mbili tofauti, wameona mto uleule ukienda upande uleule.

Kuhusu hali ya hewa, tofautisha mambo mawili. Ziwa hili linapoteza maji yake mengi kwa jua, kwa kukauka juu kwa juu. Lukuga unachukua sehemu ndogo tu. Mito ya Ruzizi na Malagarasi inaleta, mvua inaleta, jua linaondoa. Mvua ikizidi miaka miwili mitatu mfululizo, ziwa linapanda, na Lukuga ukizibwa na mchanga na majani linapanda zaidi. Sasa ukiongeza mvua za siku hizi na milima iliyokatwa anayoisema Mama Gombe, udongo wote unashuka majini. Mimi sisemi tulale. Nasema aliyegawa viwanja pale chini angesoma hata kurasa kumi za kitabu hiki, asingepima kiwanja mahali ambapo mtumbwi ulikuwa unapita 1878. Na baada ya 1962 hakuhitaji hata kitabu, wazee walikuwepo, angeuliza.

Mwaka jana nilichukua rangi nyeupe nikachora alama kwenye jiwe la nyuma ya nyumba ya babu, maji yalipofika 2021. Jirani akaniuliza naanzisha kanisa?

#16 Mzee Baridi

Hapo kwenye viwanja tuko pamoja. Hilo la kanisa limenichekesha.

#17 Kijana wa Katubuka

Wakuu mimi niliyeuliza dagaa. Nimesoma uzi wote mpaka simu imebaki asilimia nne. Nataka kuanza kusoma, Kiingereza changu cha kuunga unga. Nianze na kipi?

#18 Ticha wa Gungu

Anza na Sleman bin Mwenyi Chande, Kiswahili. Ukimaliza njoo kwa Stanley wa kwanza, Kiingereza chake chepesi, ana papara kama mwandishi wa gazeti na ndivyo alivyokuwa. Burton mwache mpaka ukomae. Atakukera.

#19 Mnyamwezi Halisi

Na ukifika kwa Burton soma sura ya Tabora mara mbili.

#20 Bi Mkubwa wa Ujiji

Mwanangu Mchikichi, hiyo kopi ya Hore bado unayo? Marehemu bibi alikuwa na mahali alipokuwa akituonyesha, akisema soko la zamani lilikuwa hapa, na hapa ndipo walipokuwa wakiteremshwa. Kila mara nilidhani anachanganya, maana ni mbali na maji. Sasa baada ya kusoma habari ya minazi ya Stanley nimekaa nawaza. Ninapakumbuka. Pana mwembe na duka la vipuri vya pikipiki.

#21 Mchikichi Mkavu

Ninayo mama, nimeifunga kwenye nailoni mbili. Nije lini? Nije na utepe wa kupimia?

#22 Bi Mkubwa wa Ujiji

Njoo Ijumaa baada ya swala. Utepe uje nao, na huyo kijana wa dagaa mlete ashike upande wa pili. Msije na viatu vya wazi, njia ya kwangu siku hizi ni tope tupu.